Nyanya Mzaa Baba na Mgawa Haki ya Kitalu: Umbo 'Farmor' kama Somo la Homonimia na Tafsiri

Ikisiri

Makala haya yanachunguza umbo farmor. Katika lugha za Skandinavia, farmor ni jina la ukoo: mama wa baba. Katika Kiingereza cha mikataba ya mafuta, farmor ni mwenye haki katika kitalu anayemgawia mwingine sehemu ya haki hiyo ili mwenzake agharimie kazi ya utafutaji. Makala yanadai kwamba haya ni maneno mawili yasiyo na nasaba, yaliyokutana katika maandishi kwa sadfa tu. Yanaonyesha jinsi mwanaisimu anavyoweza kulithibitisha dai hilo, kisha yanapendekeza namna ya kuyaeleza maneno hayo kwa Kiswahili bila kumpotosha msomaji, hasa mwananchi ambaye ardhi yake inachimbwa.

1.0 Utangulizi

Tuanze na mfano wa darasani. Mwanafunzi wa tarjuma amepewa sentensi mbili. Ya kwanza ni ya Kiswidi: Min farmor bor i Göteborg. Ya pili imetungwa kwa mtindo wa mikataba ya Kiingereza. Inasema kwamba farmor atabaki na asilimia 50 ya haki katika kitalu, ilhali mwenzake atagharimia uchimbaji wa kisima. Mwanafunzi huyu halijui neno lenyewe. Analitazama, anaona ndani yake farm, anakumbuka shamba, na bila kusita anaandika 'mkulima' katika sentensi zote mbili. Hivyo ajuza wa Göteborg amegeuzwa mkulima, na kampuni ya mafuta nayo imegeuzwa mkulima.

Kosa hili linachekesha, lakini madhara yake huenda yasichekeshe. Mafuta yamepatikana Turkana, na gesi asilia imepatikana chini ya bahari ya Tanzania. Mikataba inayohusu rasilimali hizo huandikwa kwa Kiingereza, nao wananchi wanaoguswa huelezwa yaliyomo kwa Kiswahili au kwa lugha zao za mama. Mwananchi akielezwa kwamba kampuni fulani ni 'mkulima' au 'mwenye shamba', ana kila sababu ya kuamini kwamba ardhi imeuzwa. Ni wajibu wetu, tunaojifunza na kufundisha Kiswahili, kulitafutia neno hili njia iliyonyooka.

2.0 Vitawe: Homonimia na Polisemia

Katika shule zetu za upili, mwanafunzi hufundishwa kwamba neno lenye maana zaidi ya moja ni kitawe. Istilahi hii inafaa kwa mtihani, lakini inachanganya mambo mawili ambayo isimu huyatenga. La kwanza ni polisemia, yaani neno moja ambalo maana yake imepanuka na kuzaa maana nyingine zinazohusiana. La pili ni homonimia, yaani maneno mawili au zaidi yaliyofanana umbo ilhali maana zake hazina uhusiano.

Mfano mzuri wa polisemia ni neno kitalu. Mkulima hulitumia kwa mahali palipotengwa pa kuoteshea miche. Katika sekta ya uwindaji, hasa nchini Tanzania, kitalu ni eneo lililotengwa la kuwindia, na katika sekta ya mafuta ni eneo lililopimwa na kutengwa kwa ajili ya utafutaji. Maana hizi zote zinashikana, kwa sababu dhana ya eneo lililotengwa kwa kazi maalumu imo katika kila mojawapo. Hili ni neno moja lenye matumizi mengi.

Mfano wa homonimia tunao jikoni na ukumbini. Nchini Kenya, nyanya ni tunda jekundu la kuungia mchuzi, na nyanya pia ni mama wa mzazi. Hakuna anayeweza kutoka kwenye maana moja hadi nyingine kwa njia ya kupanua maana. Tena sarufi yenyewe inashuhudia tofauti hiyo. Tukisema nyanya yangu, bado hatujui ni yupi au ni ipi, maana majina ya ukoo ya umbo hili hupokea kimilikishi sawa na cha tunda. Lakini tukiendelea hadi kwenye kitenzi, shaka huondoka: nyanya yangu amefika, nyanya yangu imeoza. Upatanisho wa kisarufi umetenganisha kile ambacho tahajia ilikiunganisha. Ndiyo sababu wanaleksikografia, kama walivyofanya watunzi wa Kamusi ya Kiswahili Sanifu, huyapa maneno ya aina hii vidahizo tofauti vyenye tarakimu, badala ya kuyarundika chini ya kidahizo kimoja.

Umbo farmor linatupa mfano wa ajabu zaidi, kwa kuwa maneno mawili yanayofanana yanatoka katika lugha tofauti. Kwa maana finyu ya istilahi, homonimia hutokea ndani ya lugha moja. Hapa tunazungumzia ufanano wa maumbo baina ya lugha. Hata hivyo, maswali ya kuuliza ni yaleyale: neno limeundwa na mofimu gani, limetoka wapi, na linaenendaje katika sarufi?

3.0 Farmor wa Skandinavia

Katika Kiswidi, Kidenmaki na Kinorwei, far ni baba na mor ni mama. Haya ni maumbo yaliyofupishwa ya fader na moder. Umbo refu fader bado husikika katika lugha ya sala. Maneno haya ni ndugu wa maneno ya Kiingereza father na mother, na wa pater na mater ya Kilatini. Kwa hiyo farmor ni neno ambatano lenye mofimu huru mbili: mama upande wa baba. Mfumo mzima umejengwa hivyo. Farfar ni babu upande wa baba, mormor ni nyanya upande wa mama, na morfar ni babu upande wa mama. Anayejua maneno mawili, far na mor, anaweza kuwataja wazazi wote wanne wa wazazi wake. Kidenmaki na Kinorwei vina pia jina la jumla la nyanya, bedstemor na bestemor, kwa mtu asiyetaka kubainisha upande. Kiaislandi, ingawa ni ndugu wa lugha hizo, hutumia neno jingine kabisa, amma.

Mfumo huu unaendelea kwa ndugu za wazazi. Katika Kiswidi, farbror ni ndugu wa kiume wa baba na morbror ni ndugu wa kiume wa mama. Dada ya baba ni faster, neno lililotokana na far na syster, na dada ya mama ni moster. Msomaji wa Kiingereza atashtuka kuona kwamba faster hapa si mwendo wa kasi bali ni shangazi. Huu ni mtego mwingine wa aina ileile tunayoijadili.

Hapa Mswahili anapaswa kutabasamu, kwa kuwa mfumo huu si mgeni kwake. Nasi hatumwiti dada ya baba na dada ya mama kwa jina moja: wa kwanza ni shangazi, wa pili ni mama mkubwa au mama mdogo. Hatumchanganyi ndugu wa kiume wa mama, ambaye ni mjomba, na ndugu wa kiume wa baba, ambaye ni ami, au baba mkubwa, au baba mdogo. Kiingereza kimeifuta mipaka hiyo kwa kutumia neno moja kwa shangazi na mama mdogo, na neno jingine moja kwa ami na mjomba. Kwa sababu hiyo, mtafsiri anayetafsiri hadithi ya Kiswidi kwa kupitia toleo la Kiingereza huenda akaipoteza habari ambayo Kiswidi kilikuwa nayo na ambayo Kiswahili kingeweza kuipokea.

Hatudai kwamba mifumo hii miwili inalingana kila mahali. Moster hamwelezi mtafsiri kama dada huyo wa mama ni mkubwa au mdogo kwa mama, ilhali Kiswahili kinamtaka achague. Kwa upande mwingine, nyanya peke yake haisemi upande wa ukoo, ilhali farmor inasema. Hata hivyo, Kiswahili kina njia ya kujaza pengo hilo, nayo ni ya siku nyingi: nyanya mzaa baba, au bibi mzaa baba kwa wanaotumia bibi. Tutalirudia umbo hili la mzaa hapo mbele, kwa kuwa lina manufaa tusiyoyatarajia.

4.0 Farmor wa Mikataba ya Mafuta

Neno la pili limeundwa kwa shina farm na kiambishi tamati -or. Anayelifasiri kwa shamba anadanganywa na maana ya leo ya shina hilo. Kiingereza kilichukua farm kutoka Kifaransa cha kale, ferme, lililotokana na Kilatini firma cha Zama za Kati. Mzizi wake ni firmus, yaani imara. Maana yake ya awali haikuwa ardhi ya kulimwa bali malipo yaliyowekwa na yasiyobadilika, kama vile kodi ya pango. Baadaye jina la malipo likahamia kwenye ardhi iliyokodishwa kwa malipo hayo, na kutoka hapo likawa jina la shamba lolote. Huu ni upanuzi wa maana, yaani polisemia ya kawaida.

Lakini maana ya kale haikufa. Ilibaki katika msemo wa kumwachia mwingine kazi au haki kwa malipo yaliyokubaliwa. Watawala wengi wa kale walikusanya ushuru kwa njia hiyo. Pwani yetu inaifahamu vyema, kwani katika karne ya 19 ushuru wa forodha wa Zanzibar ulikodishwa kwa wafanyabiashara kama vile nyumba ya Jairam Shivji na, baadaye, Taria Topan. Mkodishwaji alimlipa Sultani kiasi maalumu kwa mwaka, kisha akakusanya ushuru mwenyewe na kubaki na ziada. Hakuna aliyelima chochote, lakini kwa Kiingereza jambo hilo huelezwa kwa shina hilohilo la farm.

Sekta ya mafuta imeurithi mkondo huu. Kuchimba kisima cha utafutaji ni ghali mno, na kisima huenda kikawa kikavu. Kampuni yenye haki katika kitalu, lakini isiyotaka kubeba hasara yote peke yake, humwita mwenzake. Mwenzake huyo hugharimia kisima, uchunguzi wa miamba au kazi nyingine iliyotajwa, na kwa kufanya hivyo hujipatia sehemu ya haki. Anayegawa huitwa farmor na anayegawiwa huitwa farmee. Pengine mgawaji hujibakizia pia mrabaha, yaani fungu dogo la mapato endapo mafuta yatapatikana.

Afrika Mashariki imeyaona haya kwa macho. Mwaka wa 2010, kampuni ya Africa Oil, yenye makao Kanada na uhusiano wa karibu na familia ya Lundin ya Uswidi, iliigawia Tullow Oil asilimia 50 ya haki na usimamizi wa shughuli katika vitalu kadhaa nchini Kenya, kikiwemo kitalu 10BB. Mnamo Machi 2012, mafuta yakapatikana katika kitalu hicho, kwenye kisima cha Ngamia-1 huko Turkana. Baadaye, katika mapatano yaliyokamilishwa mwaka wa 2016, Africa Oil iliigawia Maersk Oil ya Denmaki nusu ya haki iliyokuwa imebaki nayo katika vitalu hivyo, yaani asilimia 25. Nchini Tanzania, kampuni ya Statoil ya Norwei, ambayo tangu 2018 inaitwa Equinor, ilipata leseni ya kitalu nambari 2 mwaka wa 2007, kisha mwaka wa 2010 ExxonMobil ikajiunga nayo kwa asilimia 35.

Tuyatazame matukio haya kwa jicho la mwanaisimu. Kwa istilahi za sekta hii, Africa Oil ilikuwa farmor mbele ya kampuni ya Denmaki, na kampuni ya Norwei ilikuwa farmor mbele ya kampuni ya Marekani. Mfanyakazi wa Oslo au wa Copenhagen aliyesoma makubaliano ya aina hii kwa Kiingereza alikutana na umbo ambalo katika lugha yake humwita nyanya yake. Hakuchanganyikiwa, kwa sababu muktadha ulimwongoza. Mtafsiri wetu asiyejua kwamba maneno yenyewe ni mawili hana ulinzi huo.

5.0 Majaribio Manne ya Kuyatenganisha

Jaribio la kwanza ni la mofolojia. Neno la Skandinavia hukatwa far + mor. Neno la mafuta hukatwa farm + or. Herufi ni zilezile sita, lakini mpaka wa mofimu haupiti mahali pamoja. Herufi m ni mwanzo wa mama katika neno la kwanza, na ni mwisho wa shina katika neno la pili.

Jaribio la pili ni la wingi. Kiswidi husema farmödrar, nacho Kidenmaki husema farmødre, kwa kubadilisha irabu ya ndani kama inavyobadilika katika wingi wa neno la mama. Kiingereza huongeza -s tu: farmors.

Jaribio la tatu ni la etimolojia. Neno moja linarudi kwenye majina ya kale ya baba na mama, na jingine linarudi kwenye sifa ya Kilatini yenye maana ya uimara. Mizizi hiyo haikutani popote.

Jaribio la nne ni la uhusiano wa maneno. Farmor wa ukoo ana wenzake farfar, mormor na morfar. Farmor wa mafuta ana mwenzake mmoja wa lazima, farmee. Ukitaka kulijua neno, tazama linaketi na nani. Tuongeze kwamba ndani ya Kiingereza chenyewe farmor na farmer ni karibu sawa na kile tunachokiita vitate. Badiliko la irabu moja katika maandishi hutenga mkulima na mgawaji wa haki, na wanasheria aghalabu huikazia silabi ya mwisho wanapotamka ili tofauti isikike.

6.0 Kuyasema kwa Kiswahili

Kwa neno la ukoo, jibu tunalo: nyanya mzaa baba. Kazi imebaki kwenye neno la mafuta. Njia rahisi ni kulitohoa, tukapata famoa na famii. Njia hii hatuipendekezi. Umbo famoa halimwambii msikilizaji lolote, na kwa masikio yaliyozoea Kiingereza litasikika kama mkulima, yaani kosa lilelile tulilotaka kuliepuka.

Njia ya pili ni kutumia mpangishaji na mpangaji. Maneno haya ni mazuri, lakini uhusiano si ule. Mpangaji hana umiliki, na muda wake ukiisha nyumba humrudia mpangishaji. Katika mapatano tunayoyazungumzia, anayepokea hupata sehemu ya haki ikawa yake, na anayegawa haidai tena sehemu hiyo.

Tunapendekeza kitenzi -gawa. Kiingereza cha sheria hutenga mtenda na mtendewa kwa viambishi -or na -ee. Kiswahili hufanya hivyo kwa mnyambuliko, na tumezoea jozi kama vile mwajiri na mwajiriwa, mdai na mdaiwa, mshtaki na mshtakiwa. Kwa kanuni hiyohiyo, tunapata mgawa haki na mgawiwa haki. Zingatia kwamba jina la pili limejengwa juu ya kauli ya kutendewa itokanayo na kutendea: gawa, gawia, gawiwa. Kinachogawanywa ni haki, naye anayegawiwa ni mtu. Bila ile -i- ya kutendea, tungekuwa tumemfanya mpokeaji kuwa kitu kinachokatwa vipande.

Pendekezo hili lina udhaifu ambao hatuna budi kuukiri. Haki kwa Kiswahili ni stahiki, na pia ni uadilifu wa mahakamani. Mgawa haki akitajwa peke yake, msikilizaji huenda akamdhania hakimu. Kwa hiyo, katika kutajwa mara ya kwanza, ni bora kusema kwa ukamilifu mgawa haki ya kitalu, kisha kufupisha baadaye.

Kuna faida nyingine iliyojificha hapa. Katika mgawa haki, jina la mtenda linaishia kwa -a na kufuatwa na yambwa yake. Huu ni muundo uleule wa mzaa baba. Kwa hiyo dhana ambazo katika maandishi ya wenzetu zimegongana kwa umbo zimetengana kabisa katika Kiswahili, ingawa zote mbili zimejengwa kwa kanuni moja iliyo hai katika lugha yetu. Hatukulazimika kuazima lolote.

Sasa tunaweza kuzirudia sentensi za mwanafunzi wetu. Ya kwanza: Nyanya yangu mzaa baba anaishi Göteborg. Ya pili: Mgawa haki ya kitalu atabaki na asilimia 50 ya haki katika kitalu, naye mgawiwa haki atagharimia uchimbaji wa kisima.

Hebu tupime sentensi hii ya pili kwa sikio la mzee wa Lokichar. Inamwambia kwamba kinachohama ni haki katika kitalu, wala si ardhi. Katiba ya Kenya ya 2010, katika kifungu cha 62, inaiweka mafuta pamoja na madini katika fungu la ardhi ya umma inayoshikiliwa na serikali ya kitaifa kwa niaba ya wananchi. Sheria ya Petroli ya 2019 nayo inatenga asilimia 20 ya mapato ya serikali kutokana na mafuta kwa kaunti, na asilimia 5 kwa jamii ya mahali hapo. Mzee akielezwa kwamba kuna 'mwenye shamba', hataona sababu ya kuuliza fungu lake liko wapi, kwani shamba lina mwenyewe. Akielezwa kwamba kuna mgawa haki, atauliza mara moja: ni haki ipi, ameipata kwa nani, na yetu imebaki kiasi gani? Hayo ndiyo maswali anayopaswa kuuliza.

7.0 Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba farmor wa ukoo na farmor wa mafuta ni maneno mawili. Yanatofautiana kwa mofimu, kwa wingi, kwa asili na kwa jamaa yanayoandamana nayo. Yameonyesha pia kwamba ufanano wa umbo si ushahidi wa udugu. Kutokana na hayo, mtafsiri anashauriwa kujiuliza mambo matatu kila anapokutana na umbo asilolijua: ni la lugha gani, ni la uwanja gani, na mipaka ya mofimu zake iko wapi? Asipojiuliza, ataona shamba mahali pasipo na jembe.

Aidha, inapendekezwa kwamba vyama vya Kiswahili katika vyuo vyetu vikuu vianze kukusanya na kujadili istilahi za mafuta na gesi. Tangu Katiba ya 2010, Kiswahili ni lugha rasmi nchini Kenya pamoja na kuwa lugha ya taifa. Lugha rasmi isiyoweza kumweleza mwananchi mkataba wa kisima kilicho karibu na boma lake bado ina deni, na wa kulilipa ni sisi.